Mchikichini haikutosha kwenye mstari

Asalaam aleikum, na shikamooni wakubwa wote mlioko hapa. Nilivyoambiwa nije niongee na watu wa chapa na madizaina nilidhani mnataka niongelee bei ya karatasi, maana siku hizi kila mtu wa press analia karatasi, kumbe mnataka stori za Deira. Haya. Ziko nyingi na zingine hazisemeki mbele ya wakubwa, kwa hiyo nimechagua moja tu, ya kupanga Kiurdu kwenye kompyuta. Na najua nusu yenu hapo mnajiuliza Kiurdu kinatuhusu nini sisi, vumilieni, tutafika mpaka Ilala.

Mimi mtu wa Tanga, nilienda Dubai kijana kabisa, nikapata kazi press moja ndogo pale Deira, jina lake silitaji. Nilianza kwa kukata karatasi na kugamu vitabu, baadaye nikapewa kiti cha kompyuta, Kiingereza na Kiarabu cha kubahatisha. Upande wa dirishani alikaa mzee wa Lahore, Pakistan, wote tulimwita Ustaad, na yeye mimi aliniita beta, yaani mwanangu, hata siku niliyommwagia chai kwenye faili la harusi. Kompyuta yake ilikuwa ya zamani, kibodi herufi zimefutika zote anapiga kwa kukumbuka tu, na haikuwa na intaneti wala hakuna mtu aliruhusiwa kuigusa, kwa sababu ndani yake kulikuwa na InPage, programu ya kupangia kurasa za Kiurdu, na InPage ndiyo ilikuwa inalisha nusu ya ile press. Kadi za harusi, vitabu vya nauha, yaani mashairi ya maombolezo, bili za mabucha, matangazo ya tiketi za Karachi, vyote vinapita pale.

Siku ya kwanza namuangalia anafanya kazi nilishangaa kitu kimoja. Anabonyeza kontro na spesi, kashaingia Kiurdu, anaanza kupiga herufi, na neno kwenye skrini halitulii. Akiongeza herufi, zile za nyuma zinabadilika sura na kupanda juu. Akiongeza nyingine, zinapanda tena. Nikadhani kompyuta ina virusi. Ustaad akacheka, akaniambia beta, hiyo ndiyo Nastaliq, haikai chini.

Sasa hapa lazima niwaeleweshe vizuri maana ndipo mambo yote yalipo. Wengi wenu mmepita madrasa, mnajua herufi za msahafu, ule mwandiko unaitwa naskhi, na herufi zake zimekaa kwenye mstari kama watu kwenye benchi, zinashikana lakini kila mmoja kakaa sehemu yake. Kiurdu kinatumia herufi zile zile wakaongeza na zao, ila mwandiko wao ni Nastaliq, umetoka Uajemi karne ya 14 na ya 15 huko, na wenyewe kila neno linaanza juu kulia halafu linateremka kwenda kushoto, kama watu wanashuka ngazi wameshikana mikono. Yaani herufi ya kwanza inakaa juu kiasi gani inategemea nyuma yake wanafuata wangapi. Na sura yake pia inabadilika kufuata nani anamfuata, be ikifuatwa na mim siyo be ikifuatwa na re, siyo be ikifuatwa na sini, kila jirani na be yake. Halafu nukta nazo zinatafuta pa kukaa zisigongane.

Mtu wa Lahore au Karachi ukimpa Kiurdu cha naskhi anasoma, lakini anakunja uso. Ni kama umempa pilau kwenye mfuko wa nailoni.

Ndiyo maana chapa ya herufi za risasi, zile za madini zinazopangwa moja moja, ilishindwa kule. Walijaribu, Kalkuta kwenye chuo cha Fort William mwanzoni mwa miaka ya 1800 walichapa Kiurdu kwa herufi za risasi za Nastaliq, ila haikushika, maana mwandiko unaoteremka utaukata vipande vya risasi vilivyonyooka vipi. Kilichoshika ni litografia, ile ya jiwe. Mtu anaandika kwa mkono, maandishi yanahamishiwa kwenye jiwe, linachapwa. Naval Kishore pale Lucknow alianzisha press yake mwaka 1858 akatoa vitabu vingi sana kwa njia hiyo. Na magazeti vilevile. Jamani, gazeti zima la kila siku, linaandikwa kwa mkono! Ukurasa kwa ukurasa, usiku kwa usiku, miaka ya 1970 watu wameshafika mwezini wamerudi na Karachi bado kuna chumba kimejaa wazee wameinamia mbao wanaandika habari za jana kwa kalamu ya mwanzi.

Hao ndio waliitwa makatib. Sisi kwetu katibu ni yule wa mkutano, anayeandika mahudhurio na kutunza muhuri, kwao katib ni fundi wa mwandiko, na ni kazi ya kujifunza miaka. Baba yake Ustaad alikuwa katib wa gazeti. Na maneno mengi tunagawana na hawa watu, kalamu, kitabu, rangi, hata hii kuchapa tunayoitaja kila siku, wao ni chhapna na kiwanda cha uchapaji ni chhapakhana, kwa hiyo msijione mbali.

Mpaka leo Chennai, India, kuna gazeti linaitwa The Musalman, lilianza 1927, kurasa nne, limejengewa jina lake lote kwenye kuandikwa kwa mkono. Ila hilo ni moja. Wengine wote walihama, na waliowahamisha ni watu wa kuwataja.

Wa kwanza Ahmed Mirza Jamil, mtu wa Karachi, mchoraji na mwenye press. Yeye aliangalia tatizo kwa jicho la fundi mwandiko. Wengine walikuwa wanahangaika kuifundisha mashine kanuni za kuteremsha herufi, yeye akasema achana na herufi. Kiurdu kina herufi ambazo hazishiki inayofuata, alifu, dali, re, wau na ndugu zao, kwa hiyo neno lolote linakatika lenyewe vipande vipande. Chukua neno Pakistan, پاکستان, lina herufi saba ila kwenye jicho ni vipande vitatu, pe na alifu wameshikana, halafu kaf sini te alifu wameshikana, halafu nuni peke yake. Sasa wewe usiihifadhi kaf na sini, hifadhi kile kipande kizima cha kati kama picha moja iliyoandikwa na mkono wa fundi, nukta zake zishakaa sehemu yake. Mtu akipiga zile herufi nne mashine inatafuta kwenye daftari lake, inakuta picha, inaiweka. Basi.

Swali ni vipande vingapi vinatosha lugha nzima? Karibu 20,000. Akaviandika. Kwa mkono, kimoja kimoja, watu wa Monotype, kampuni ya mashine za kupanga herufi ya Uingereza, wakaviingiza kwenye mashine zao. Fonti ikaitwa Noori Nastaliq, kwa jina la baba yake, na gazeti la Jang lilipoanza kutoka Lahore mwaka 1981 lilipangwa kwa hiyo fonti. Mzee kafariki 2014. Mimi nikisikia mtu anaita fonti ni kitu cha kudownload tu nakumbuka zile picha 20,000 nasikia mkono unaniuma mimi.

Lakini zile mashine za Monotype zilikuwa za matajiri, press ya kichochoroni hainunui. Ndipo inakuja InPage, mwaka 1994, imetengenezwa Delhi na kampuni ya Concept Software. Hapo pananifurahisha sana, maana fonti ni ya Karachi na programu ni ya Delhi, nchi mbili zinazotazamana kwa bunduki, na ukurasa wa gazeti unahitaji zote mbili. Walichukua leseni ya Noori kutoka Monotype wakaiweka kwenye Windows ya kawaida, ukapata maboksi ya maandishi, safu, kurasa mama, kama PageMaker, ile programu ya kupangia kurasa mliyoijua wakubwa, ila inaanzia kulia na inajua kuteremka. Ghafla kila mwenye kompyuta na printa ni katib. Kibodi ukawa unajichagulia, kuna ya sauti ambapo alifu iko kwenye A na sini iko kwenye S, kijana anajifunza wiki mbili. Na tusidanganyane, nakala za wizi zilitembea mpaka basi, wengi walioijua InPage waliijua kwa sidii ya kuazima.

Kiufundi walifanya kitu cha ujanja pia. Fonti ya wakati ule ilibeba alama 256 basi. Wewe una vipande karibu 20,000. Wakaikata Noori kwenye makumi ya faili, ukifungua folda unakuta fonti zina majina yale yale namba tu zinafuatana, na programu inarukaruka kati yao wewe hujui. Unapiga neno moja, kumbe limekusanywa kutoka fonti tatu.

Sasa Ilala.

Nyie mnajua mitumba yetu mingine inapitia Karachi, mabelo yanafunguliwa kule, yanachambuliwa, yanafungwa upya kwa daraja, ndiyo yanakuja Dar. Basi alikuja mfanyabiashara mmoja, Mpakistani ana ofisi Deira, anataka karatasi ya kubandika ghalani Karachi ili wachambuzi wake wasichanganye mizigo, orodha ya wateja wa Dar na sehemu zao, kwa Kiurdu, maana vijana wa ghalani hawasomi Kiingereza. Ustaad akaniita nimsomee majina ayapige kwa sauti. Tukaenda vizuri. Manzese ikakubali. Tandika ikakubali. Tukafika Mchikichini, pale Ilala penye soko la mitumba la Karume.

Hebu fikirieni hilo neno. Mim, che, ye, kaf, ye, che, ye, nuni, ye. Herufi tisa, na hakuna hata moja isiyoshika inayofuata! Hakuna alifu, hakuna re, hakuna pa kupumua. Neno zima ni kipande kimoja, na Mirza Jamil Mungu amrehemu hakuwahi kufika Karume kununua suruali, kwa hiyo kwenye daftari la fonti tuliyokuwa nayo hicho kipande hakikuwepo. Kompyuta ikafanya ilichoweza, ikashonashona vipande vidogo, ikatoa kitu kama nyoka aliyekanyagwa, nukta zimerundikana sehemu moja, na kwa kuwa kila herufi inapandisha zilizotangulia, ile mim ya mwanzo ilipanda mpaka ikaingia mstari wa juu ikamchoma Tandika tumboni.

Ustaad akakaa kimya akaliangalia. Akaongeza nafasi kati ya mistari, haikusaidia, ukurasa mzima ukaonekana kama meno yaliyong'oka. Nikamshauri akate neno katikati, akaniangalia kama nimemtukana mamake. Akainuka, akafungua droo ya chini, akatoa kalamu ya mwanzi na kichupa cha wino na karatasi nyembamba ya manjano. Miaka yote nimekaa naye sijawahi kuiona hiyo droo imefunguliwa.

Kwanza alichovya akaweka nukta, moja, mbili, tatu, pembeni, zile nukta za pembe nne. Nikauliza za nini. Akasema ni futi kamba yangu, kila herufi inapimwa kwa nukta za kalamu ile ile inayoiandika, kalamu ikiwa nene na herufi inakua. Halafu akaandika Mchikichini kwa pumzi moja. Hakuipandisha mno, aliyalaza yale meno ya ye na che, kila moja linateremka kidogo tu, na kaf akairusha mkono wake juu ukafunika herufi zilizotangulia kama mwavuli, halafu ye ya mwisho akaizungusha ikarudi chini kubeba neno zima. Tukaskani. Tukaibandika kama picha.

Mimi nilielewa siku ile InPage ni nini. Ni mkono wa mtu uliowekwa kwenye sanduku. Palipo na mkono inatoa maandishi mazuri kuliko programu yoyote niliyoiona ya enzi zile, na mkono ulipoishia na yenyewe inaishia pale pale.

Na hilo sanduku lilikuwa na kufuli, hapa nawasema watu wa programu kidogo. Yunikodi, ule utaratibu wa kuipa kila herufi namba moja inayoeleweka kwenye kompyuta zote, toleo lake la kwanza lilitoka 1991, lakini InPage za miaka hiyo zilikuwa na namba zao wenyewe za herufi, kwa hiyo ukikopi Kiurdu kutoka InPage ukapesti kwingine unapata takataka. Kwenye karatasi hakuna shida, karatasi haiulizi. Shida ilikuja intaneti ilipokuja. Magazeti mengi ya Kiurdu mtandaoni yakawa yanaweka picha, habari nzima ni picha, huwezi kutafuta neno, huwezi kukopi, simu ya mkononi ndogo huoni kitu. Miaka na miaka ya maandishi ya lugha ya mamilioni ya watu yapo kwenye faili za INP, yaani faili za InPage, ambazo Google haizioni. Toleo la 3 ndilo lilileta Yunikodi. Na kabla hata halijazoeleka, mwaka 2008 watu wakatoa fonti ya bure ya Yunikodi, Jameel Noori Nastaleeq, mwandiko ule ule wa mzee, ukiweka kwenye kompyuta unaandika Nastaliq hata kwenye Word, ikawa kama mvua baada ya ukame. Google wakatoa Noto Nastaliq Urdu 2014. iPhone ikaanza kuonyesha Nastaliq 2017, hebu fikiria, miaka kumi tangu iPhone ya kwanza.

Mkibadilisha faili za zamani kwenda Yunikodi kuna balaa lingine dogo ila linakera kweli. Waliopiga InPage wengi hawakuweka spesi, maana neno likiishia na re au wau linakatika lenyewe, jicho linaona nafasi, spesi ya nini. Ukija kubadilisha, maneno mawili yamegandana, kompyuta inadhani ni neno moja, na wa kuyatenganisha ni mtu mwenye subira. Hiyo kazi niliifanya miezi minne, vitabu vya mteja mmoja, siitaki tena.

Na msidhani haya yapo huko tu. Mwaka 2016 Kaspersky, kampuni ya usalama wa kompyuta, walitoa taarifa kwamba kuna wezi walikuta tundu kwenye InPage, wanatuma faili la INP kwa imeili, ukilifungua wameshaingia, na walengwa ni mabenki ya Asia na Afrika. Kati ya nchi walizozitaja ni Myanmar, Sri Lanka, na Uganda. Uganda hapo jirani! Kwa hiyo mtu wa benki Kampala akisema Kiurdu hakimhusu, mwulizeni vizuri.

Sisi wenyewe tuna deni kwenye hili. Kiswahili kimeandikwa kwa herufi za Kiarabu karne nyingi kabla ya hizi a be che de, tenzi za Lamu na Pate na Mombasa zipo, barua za mababu zipo kwenye masanduku Tanga kwetu huko, na waandishi wetu walichukua che na pe zenye nukta tatu zile zile anazotumia Ustaad, kwa sababu Kiarabu hakina ch wala p. Bwana mmoja anaitwa Kevin Donnelly alitengeneza programu ya bure inaitwa Andika! ya kupangia Kiswahili kwa hizo herufi, unapiga kwa kizungu inakutolea kwa Kiarabu. Ni wangapi hapa mnaijua? Mkono. Mmoja. Wawili. Haya. Bahati yetu mwandiko wetu wa pwani uko karibu na naskhi, unakaa kwenye benchi, hatuhitaji picha 20,000, tunahitaji dizaina mmoja asiyeona aibu kukaa na mzee wa Lamu mwezi mzima amuulize hii ng mnaiandikaje na hii v. Na akitengeneza, tafadhali aanze na Yunikodi.

Ustaad alirudi Lahore, kwa sababu ya macho. Siku anaondoka aliniachia vitu viwili, ile kibodi isiyo na herufi, ambayo mwanangu ameshaivunja, na hii karatasi. Ndiyo yenyewe ile ya manjano, Mchikichini ya mkono. Naipitisha, anzieni huku mbele, mwenye mikono ya sambusa ajifute kwanza. Zihesabuni nukta. Zipo 13, 12 zote chini na moja tu juu, ya ile nuni, na nimeangalia kwa kioo cha kukuzia, hakuna mbili zilizogusana.